Kabla ya sindano, inua mguu

Ndugu wafugaji, mada niliyopewa ni ndefu: kutambua, kutibu na kuzuia magonjwa ya kwato za ng'ombe. Nitaigawa nipendavyo, na wale walionisikia zamani wanajua nitakwama wapi. Wavumilie. Nitaacha kulisema jambo hili la kudunga sindano kabla ya kuinua mguu, siku nitakapoona watu wameacha kulifanya.

Ng'ombe anachechemea. Mwenyewe anamtazama akiwa mbali, anaonyesha kwa kidole, "mguu ule." Anaitwa mtu mwenye sindano. Anamdunga antibiotiki, oksitetrasaiklini, shingoni, analipwa, anaondoka. Siku chache zinapita, ng'ombe bado anachechemea, anadungwa tena, safari hii upande wa pili wa shingo. Sasa niambieni, shingo ina kosa gani? Katika watu wote waliomshughulikia ng'ombe huyu, nani ameinua ule mguu akautazama chini? Hakuna.

Niliwahi kuitwa kwa ng'ombe wa maziwa wa namna hiyo. Mwenye ng'ombe alikuwa ameandika dawa zote alizompa, na akanisomea orodha bila kukosea hata jina moja. Nikamsifu kwa kuandika, maana wengi hawaandiki. Kisha nikamwuliza, chini ya ukwato kukoje? Kimya. Tukamfunga ng'ombe, tukainua mguu wa nyuma, tukauosha, nikapitisha kisu juu ya soli, yaani uso wa chini wa ukwato, kuondoa uchafu na ukwato uliokufa. Kwenye ukwato wa nje, pale soli inapokutana na ukuta, kwenye ule mstari mweupe, kulikuwa na doa jeusi dogo sana. Doa kama hilo ni lazima lifuatwe. Nikalifuata kwa ncha ya kisu, taratibu, likazidi kuingia ndani, na mara usaha mweusi ukaruka, wenye harufu ambayo waliosimama karibu hawatanisamehe. Nyuma yake kulikuwa na kijiwe. Ng'ombe alikuwa anatembea juu ya kijiwe na usaha, na dawa zote zile zilikuwa zinazunguka kwenye damu yake bila kuwa na mkono wa kukitoa. Jioni alikuwa anakula.

Kwa nini maumivu yalikuwa makali hivyo? Kwa sababu ukwato hautanuki. Fikiria jipu lililoota chini ya kucha yako, halafu uambiwe usimame juu ya kidole hicho kutwa nzima ukiwa na uzito wa kilo mia tano. Jipu la namna hiyo tiba yake ni kulitobolea njia, usaha utoke, na kuondoa ukwato wote uliolegea juu yake ili uchafu usijifungie tena. Mara nyingi antibiotiki haihitajiki kabisa, isipokuwa maambukizi yamepanda juu na kiungo kimevimba.

Mtaniambia: ng'ombe wangu anapiga mateke. Anapiga, ndiyo, ana haki. Ndiyo maana kuna kreshi, kile kizimba chembamba cha kumbana ng'ombe asimame. Mwingize, funga kichwa, pitisha mkanda chini ya kifua ili asijiangushe, kisha funga kamba nene juu ya goti la nyuma, irushe juu ya boriti, vuta. Fundo liwe la kufunguka kwa mvuto mmoja, maana akianguka hutakuwa na muda wa kuhangaika nalo. Kamba nyembamba hapana, inakata. Kama huna kreshi, wawili wenu jirani mnaweza kuijenga moja kwa nguzo na mbao. Anayesema hana nafasi ya kreshi huwa ana nafasi ya ng'ombe wa kumi na moja.

Mtaniambia tena: lakini daktari, mwaka jana sindano ilimponya wangu. Sikatai! Upo ugonjwa ambao sindano ni haki yake, nao ni kuoza kwato. Na kwa kuwa huo ndio sindano inaoupatia, watu wameamua kila mguu unaouma ni kuoza kwato. Basi tuutambue vizuri. Unaanza ghafla: jana mzima, leo hakanyagi. Uvimbe uko juu ya ukwato, pande zote mbili sawasawa, mpaka kwato mbili zinaachana. Ngozi iliyo katikati ya kwato imepasuka, imeoza, inanuka. Mara nyingi ana homa, na maziwa yameshuka. Bakteria wake mkuu anaitwa Fusobacterium necrophorum, huishi kwenye kinyesi na matope, na huingia pale ngozi ya katikati ya kwato inapolainika kwa unyevu au kukwaruzwa na jiwe. Huyu osha, mdunge mapema, muda wote ulioandikwa kwenye chupa, na maziwa yake usiuze wala kunywa mpaka siku zilizoandikwa ziishe. Akichelewa, maambukizi yanaingia kwenye kiungo, na hapo tunazungumza habari ya kukata kidole au kumwondoa ng'ombe. Lakini hata huyu, utamtofautishaje na wa kijiwe bila kuinua mguu? Uvimbe wa upande mmoja tu unakwambia jambo jingine kabisa.

Turudi kwenye soli, maana huko ndiko kwenye kazi. Kila mguu una kwato mbili. Nyuma, wa nje ndio hubeba mzigo zaidi na ndio huugua zaidi. Mbele ni wa ndani. Kwa hiyo ukiinua mguu wa nyuma na hujui uanzie wapi, anza nje. Ndani ya ukwato kuna mfupa, na kati ya mfupa na soli kuna nyama hai inayotengeneza ukwato, na kisiginoni kuna tabaka la mafuta linalopokea kishindo. Ng'ombe anapozaa, viungo vinavyoshikilia mfupa ule hulegea, mfupa unashuka. Akikonda, tabaka la mafuta nalo linapungua. Ukimsimamisha juu ya zege saa nyingi, mfupa unabana ile nyama hai dhidi ya soli. Panavuja damu. Mwezi mmoja hauoni kitu. Mwezi wa pili au wa tatu, soli ile iliyotengenezwa siku za shida imefika chini, unaona doa jekundu, na baadaye shimo, karibu na pale soli inapokutana na kisigino. Hicho ndicho kidonda cha soli. Leo unamlaumu mkamuaji kwamba amempitisha ng'ombe kwenye kokoto jana, kumbe unatazama mambo ya siku alipozaa.

Tiba yake? Punguza ukwato ulioumia, hasa kuelekea kisigino, ili usiguse chini. Ondoa ukwato uliolegea pembeni mwa kidonda. Kisha gundisha kipande cha mbao au cha mpira chini ya ukwato mzima wa pili, kibebe uzito wote, wiki nne hadi sita, halafu kitolewe. Kikikaa zaidi kitaumiza ukwato ule mzima. Na mpe dawa ya maumivu. Hapa nasisitiza, maana kuna watu wanadhani dawa ya maumivu kwa ng'ombe ni anasa. Uchunguzi uliofanyika Uingereza ulionyesha kwamba ng'ombe walioanza kuchechemea hivi karibuni walipona vizuri zaidi walipopata vyote vitatu: kukatwa kwato, kipande cha kuinulia, na dawa ya kutuliza uvimbe na maumivu. Antibiotiki haina kazi kwenye kidonda cha soli kisicho na maambukizi ya ndani.

Na msikipake mrututu, ile salfeti ya shaba, kidonda kibichi! Nyama ile hai ndiyo itakayotengeneza soli mpya. Ukiiunguza, utangoja sana. Nimeona mrututu, nimeona mafuta machafu ya injini, nimeona asidi ya betri. Asidi ya betri, jamani. Bandeji nayo: ikifungwa ikasahaulika kwenye kinyesi, inakuwa mfuko wa uchafu. Kidonda kiache wazi, mahali pakavu.

Kuna kingine cha kisiginoni, nyuma, pale ngozi inapokutana na ukwato: kidonda cha mviringo, chekundu, kibichi, ukikigusa ng'ombe anaruka, mara nyingine kimeota vinyweleo virefu. Waitalia wawili, Cheli na Mortellaro, walikieleza mwaka 1974, na tangu hapo kimeenea kwenye mabanda ya ng'ombe wa maziwa duniani kote. Kinaletwa na bakteria waitwao treponema. Hiki nacho si cha kudunga. Osha, kausha, puliza oksitetrasaiklini juu ya kidonda, rudia kwa siku kadhaa. Na vifaa vyako vya kukatia kwato vioshe na kuvitia dawa kati ya ng'ombe na ng'ombe, la sivyo wewe ndiwe unayekisambaza, na unalipwa kwa kazi hiyo.

Kabla sijasahau, na hili si la mzaha. Ukiona ng'ombe kadhaa wameanza kuchechemea kwa wakati mmoja, mate yanadondoka, wanatafunatafuna midomo, fungua kinywa. Malengelenge kwenye ulimi na ufizi, malengelenge katikati ya kwato, hata kwenye chuchu: huo ni ugonjwa wa miguu na midomo. Weka kisu chini. Usihamishe mnyama, usitoke hapo kwenda zizi la jirani na viatu vile vile, mwite daktari wa mifugo wa serikali. Ni virusi, sindano yako ya antibiotiki haiwagusi.

Sasa kutambua. Watu wanamtambua ng'ombe anayechechemea pale hata mtoto anaweza kumtambua. Ng'ombe huficha maumivu; mnyama anayewindwa hajitangazi. Msitazame mguu, tazameni mgongo. Ng'ombe mzima akisimama mgongo umenyooka, akitembea umenyooka. Akisimama umenyooka lakini akitembea unapinda juu, huyo tayari ana tatizo, hata kama hachechemei. Akiwa amepinda akisimama na akitembea, hatua zimefupika, umeshachelewa kidogo. Akianza kuutunza mguu mmoja waziwazi, umechelewa sana, na asipoukanyaga kabisa, aibu ni yako. Simama mahali pagumu na tambarare wanapotoka kukamuliwa, uwatazame ubavuni. Angalia pia nani anafika wa mwisho kila siku, nani analala wakati wenzake wanakula, nani joto lake la kutaka dume halionekani. Asiyeweza kusimama kwa miguu ya nyuma hatampanda mwenzake, nawe utasema hashiki mimba.

Yule mzee pale anatikisa kichwa. Najua, mzee, zamani ng'ombe hawakukatwa kwato. Walitembea mbali kwenye ardhi kavu, kwato zikajikata zenyewe. Ukwato hukua karibu milimita 5 kwa mwezi. Ukimfungia ng'ombe bandani, nani anamsugulia hizo milimita?

Kukata kwenyewe, kwa kifupi, maana naona saa inaonyeshwa. Njia wanayofuata wengi ilipangwa na daktari wa mifugo wa Uholanzi, Toussaint Raven. Mguu wa nyuma, anza na ukwato wa ndani: urefu wa mbele, kutoka nywele zinapoishia hadi nchani, usipungue sentimita 7.5, na kwa ng'ombe mkubwa acha 8 au zaidi. Kisigino cha ndani kiache kirefu. Kisha linganisha wa nje na wa ndani, viwe sawa chini. Chimba kidogo katikati, upande kwato zinapotazamana, pale kidonda cha soli hupenda kutokea. Soli ikibonyea kwa kidole gumba, simama, umeshakata mno. Waharibifu wengi wa kwato ni watu wenye visu vikali na bidii. Fanya kazi hii anapokaushwa, yaani anapoachishwa kukamuliwa kabla ya kuzaa, na umtazame tena miezi miwili au mitatu baada ya kuzaa.

Kuzuia. Hapa nitakimbia. Ng'ombe wa maziwa anataka kulala kati ya saa 10 na 14 kwa siku. Pasipolalika atasimama, na kusimama ndiko kunakoua soli. Weka matandiko makavu. Kinyesi kiondolewe. Wasikusanyike saa nyingi kungoja kukamuliwa. Asikonde baada ya kuzaa. Josho la miguu: urefu wa mita 3 ili kila mguu uzame mara mbili, kina kisipungue sentimita 10, mrututu kilo 5 kwa lita 100 za maji. Fomalini hufanya kazi pia lakini husababisha saratani, kwa hiyo glavu na hewa ya kutosha. Maji ya mrututu yasimwagwe ovyo, yanarundikana udongoni na kondoo hufa kwa shaba haraka kuliko ng'ombe. Josho lililojaa kinyesi ni bwawa la kuambukizana, libadilishe. Na halitibu kidonda cha soli.

Lishe nilikuwa nayo kurasa nzima. Nafaka iongezwe polepole kwa wiki mbili tatu, isije ikachachua tumbo. Biotini, ambayo ni vitamini, miligramu 20 kwa siku husaidia ukwato, ila baada ya miezi, si baada ya wiki. Zinki, mitamba, na uchaguzi wa madume naviacha.

Maswali basi. Mama mwenye daftari, anza wewe. Lakini ukitaka kuniuliza sindano gani, niambie kwanza uliona nini chini ya ukwato.