Bei ya Wastani ya Lita ya Mvinyo: Inachoonyesha na Inachoficha

Mabibi na mabwana,

Nawashukuru kwa kuja. Muda wetu wote nitautumia kuzungumzia tarakimu moja, ile ambayo taarifa za biashara huiita bei ya wastani ya lita ya mvinyo ulioingia nchini, au uliotoka. Hupatikana kwa kuchukua thamani yote iliyoandikwa kwenye hati za forodha na kuigawanya kwa lita zote zilizovuka mpaka. Ni hesabu ya dakika moja, na ndiyo maana inapendwa na waandishi wa habari, na wanasiasa, na hata wenye viwanda wanapokwenda kupatana na wakulima. Dai langu ni kwamba tarakimu hiyo haistahili kuitwa bei, kwa kuwa hakuna mtu aliyewahi kununua chupa hata moja kwa kiasi hicho.

Tuanze na takwimu za dunia. Kwa mujibu wa Shirika la Kimataifa la Mzabibu na Mvinyo, katika mwaka 2023 Ufaransa iliuza nje takribani lita bilioni 1.27 zenye thamani ya yuro bilioni 11.9, ilhali Hispania iliuza takribani lita bilioni 2.09 na kupata yuro bilioni 2.9 tu. Ukigawanya, lita ya Mfaransa inafika yuro 9 na zaidi, na ya Mhispania haifiki hata yuro moja na nusu. Asiyeijua biashara hii atahitimisha kwamba Wahispania hawajui kutengeneza mvinyo. Ukweli ni kwamba sehemu kubwa ya mvinyo wa Hispania husafirishwa bila kutiwa chupani, ukauzwa kwa viwanda vya nchi nyingine vinavyoutia chupa au kuuchanganya na mwingine, wakati Ufaransa inauza shampeni na chupa za maeneo ambayo jina lake pekee lina thamani sokoni.

Naomba tukae kidogo hapa, kwa sababu chombo cha kusafirishia ndicho kiini cha jambo lote. Mfuko mkubwa wa plastiki unaotandazwa ndani ya kontena la futi 20 hubeba takribani lita 24,000. Kontena hilohilo likijazwa chupa halifiki hata nusu ya kiasi hicho, kwa kuwa glasi ni nzito na huchukua nafasi. Kwa hiyo mvinyo wa vyombo vikubwa na mvinyo wa chupani ni bidhaa mbili, zenye wanunuzi tofauti na gharama tofauti, hata kama zabibu zilichumwa katika shamba moja. Mfumo wa uainishaji wa Shirika la Forodha Duniani unalitambua jambo hili: chini ya namba 2204, ambayo ndiyo namba ya mvinyo wa zabibu, mvinyo wenye povu una mstari wake, ule wa vyombo visivyozidi lita 2 una wake, ule wa zaidi ya lita 2 hadi 10 ulipewa wake mwaka 2017, na ule wa vyombo vikubwa zaidi una wake.

Sasa tuchukulie nchi inayoagiza lita milioni 60 za chupa kwa yuro 4 kila lita, na lita milioni 40 za vyombo vikubwa kwa yuro 1. Wastani wake ni yuro 2.80. Mwaka unaofuata waagizaji wanageuza mpango, wanaleta milioni 40 za chupa na milioni 60 za vyombo vikubwa, kwa bei zilezile. Wastani unashuka hadi yuro 2.20, yaani zaidi ya asilimia 20, na magazeti yanaandika kwamba mvinyo wa kigeni umeporomoka bei. Hakuna muuzaji aliyepunguza hata senti moja.

Jambo kama hili limeonekana kwa upande wa mauzo ya nje pia. Machi 2021 China ilithibitisha ushuru wa kati ya asilimia 116.2 na 218.4 kwa mvinyo wa chupa kutoka Australia, ikauondoa Machi 2024. China ndiyo iliyokuwa ikinunua chupa za gharama kubwa, na ilipofunga mlango, bei ya wastani ya mvinyo wa Australia uliouzwa nje ilishuka. Wako waliopata hasara kubwa, nami siipuuzi hata kidogo. Lakini sehemu ya mshuko huo ilitokana na mnunuzi mmoja kuondoka kwenye hesabu.

Ushuru nao una namna yake ya kupinda takwimu. Oktoba 2019 Marekani ilitoza asilimia 25 kwa mvinyo wa nchi kadhaa za Ulaya, lakini mwanzoni ilihusisha tu vyombo visivyozidi lita 2 na kileo kisichozidi asilimia 14. Mwagizaji yeyote mwenye akili aliona milango miwili iliyoachwa wazi, ule wa vyombo vikubwa na ule wa mvinyo mkali zaidi, hadi Januari 2021 kwa Ufaransa na Ujerumani ilipofungwa. Na pale ushuru unapotozwa kwa lita badala ya kwa thamani, kiasi kilekile huilemea chupa ya bei nafuu kuliko ya bei ghali, hivyo ya ghali huonekana kuwa na nafuu, na wastani wa uagizaji hupanda. Gharama za usafiri hufanya kazi hiyohiyo, na wachumi Alchian na Allen walilieleza hilo tangu miaka ya 1960.

Liko kosa jingine ambalo hunisikitisha kila ninapolikuta: kulinganisha bei ya uagizaji na ya uuzaji nje kana kwamba zimepimwa mahali pamoja. Katika nchi nyingi mzigo unaotoka huthaminiwa ukiwa kwenye bandari ya kuondokea, na unaoingia huthaminiwa pamoja na nauli na bima hadi bandari ya kufikia. Kwa mvinyo wa yuro 1 kwa lita, nauli pekee yaweza kuwa sehemu kubwa ya tofauti inayodhaniwa kuwa faida. Zaidi ya hapo, baadhi ya masoko huuza nje mvinyo ambao hayakuuzalisha. Hong Kong, iliyofuta ushuru wa mvinyo Februari 2008, ni mfano ulio wazi. Bei yake ya mauzo ya nje haituambii chochote kuhusu mashamba yake.

Kwa nini nalisisitiza hili mbele yenu? Kwa sababu lita moja ya mvinyo huhitaji kilo 1.3 hadi 1.5 za zabibu, na mkulima anapoambiwa kwamba mvinyo wa nje umeshuka kwa asilimia 20, tarakimu hiyo inaingia moja kwa moja katika bei ya kilo yake. Ana haki ya kuuliza lita hizo ziliingia katika vyombo gani, kwa sarafu ipi, na nauli ya nani imehesabiwa ndani yake. Majibu yote yamo tayari katika hati za forodha. Ninachokiomba kwa ofisi za takwimu ni kuchapisha mistari yote ya 2204 kila mmoja peke yake, kila mwezi, na kabla ya mavuno, kwa kuwa bei ya zabibu hupatanwa katika siku chache ambazo tunda lililoiva haliwezi kungoja.