Farasi Akitoka Iceland Harudi

SHABANI: Karibuni tena, wapenzi wasikilizaji. Leo msishangae sauti ya da Zuhura. Imekauka kabisa.

ZUHURA: Nimelia, kaka. Nimelia tangu asubuhi mpaka magharibi. Vijana wa mtaani kwetu wanashuti filamu fupi, wakaniomba nicheze mama aliyefiwa. Sasa muongozaji ndiye huyo huyo anayecheza mwanangu. Namkumbatia, nalia kwa uchungu, naye kifuani kwangu ananong'ona: "Mama, geuka kidogo kushoto, mwanga unakupotea."

SHABANI: Ukageuka?

ZUHURA: Nikageuka huku nalia! Na nilifurahi mno, maana yule kijana alijua anachokitaka. Usiku sikulala, nikawa namwaza Benedikt Erlingsson, yule muigizaji na muongozaji filamu wa Iceland. Ndiyo maana nikakwambia leo tuzungumze habari zake. Nimeandaa mafunzo matatu kwa wasanii wetu wanaoanza.

SHABANI: Yule wa farasi.

ZUHURA: Wa farasi baadaye. Kwanza ni muigizaji wa jukwaani. Kule Borgarnes, mji mdogo magharibi mwa Iceland, alianza mwaka 2006 kusimama peke yake jukwaani akisimulia maisha ya Egill Skallagrímsson, mshairi na mpiganaji wa zama za kale. Mtu mmoja, anageuka baba, mama, mfalme, adui. Mwaka huo huo akaonekana kwenye filamu ya muongozaji Lars von Trier kule Denmark, akicheza mkalimani wa mnunuzi kutoka Iceland. Na huyo mnunuzi alichezwa na nani? Friðrik Þór Friðriksson, muongozaji ambaye filamu yake ya mwaka 1991 iliteuliwa kuwania Oscar.

SHABANI: Muongozaji anacheza, na muigizaji pembeni anakaribia kuwa muongozaji.

ZUHURA: Ndiyo hivyo. Nchi yenyewe watu hawafiki laki nne. Huwezi kusema "mimi naigiza tu". Basi 2007 akatoa filamu fupi ya kwanza, 2008 ya pili, *Naglinn*. Halafu 2013 ndiyo ikaja *Hross í oss*, filamu ndefu. Funzo la kwanza...

SHABANI: Ngoja kwanza, umefika kwenye farasi. Wasikilizaji, mle ndani kuna jamaa ana kiu ya vodka. Anaiona meli ya Warusi huko baharini. Anapanda farasi, anaingia naye majini, farasi anaogelea mpaka melini! Bahari ya kule, baridi yake!

ZUHURA: Kaka Shabani, funzo la kwanza.

SHABANI: Na ule mwendo wao, *tölt*. Farasi wengine wakikimbia mpandaji anarushwarushwa. Hawa wa Iceland, mguu mmoja angalau uko chini muda wote, mgongo umetulia. Watu wanapanda wameshika gilasi ya bia na haimwagiki. Nimekesha naangalia video zake.

ZUHURA: Nikuongezee basi, maana najua hutaniacha. Farasi akitoka Iceland haruhusiwi kurudi. Akienda mashindanoni Ujerumani, ndiyo kwaheri. Hata hatamu zilizotumika nje haziingii, wanaogopa magonjwa, kwa sababu hawa wa kwao wameishi peke yao tangu enzi za walowezi wa kwanza wa kisiwa hicho.

SHABANI: Hata bingwa?

ZUHURA: Hata bingwa. Mpandaji anarudi nyumbani, farasi anabaki ugenini.

SHABANI: Basi hapo hapo, da Zuhura, umenipa hoja. Filamu fupi ni kama hiyo Iceland. Ukishatoka kwenda kwenye filamu ndefu, hurudi. Unapita tu. Tazama Erlingsson: mbili fupi, kisha ndefu, tuzo ya waongozaji wapya kwenye tamasha la San Sebastián, Hispania, tuzo ya filamu ya Baraza la Nordiki, yaani nchi za kaskazini mwa Ulaya, 2014, kisha filamu yake *Kona fer í stríð* ya 2018 ikampa ile ya Nordiki mara ya pili. Fupi ilikuwa ya kujionyesha kwa wenye pesa. Tusiwadanganye vijana.

ZUHURA: Nakataa. Umeitazama *Hross í oss* vizuri? Ni visa vifupi vya bonde moja. Kuna wa vodka, kuna mgeni aliyepotea kwenye dhoruba ya theluji, anampasua farasi wake aingie ndani asigande. Kila kisa kina mwanzo na mwisho wake. Huyo mtu hakuacha filamu fupi, alizisuka pamoja.

SHABANI: Lakini alizisuka ili ziuzwe kama ndefu! Nani anakata tiketi ya dakika kumi na tano?

ZUHURA: Na Rúnar Rúnarsson je, muongozaji mwingine wa Iceland? Filamu yake *Síðasti bærinn*, mzee mkulima kafiwa na mkewe, yuko mbali na watu, anamwandalia maziko yeye mwenyewe. Fupi ya 2004, ikateuliwa kuwania Oscar 2006. Ndiye huyo huyo 2015 akachukua Gamba la Dhahabu, tuzo kuu ya San Sebastián, kwa filamu ndefu. Kisha 2024 ndefu yake ikafungua kitengo cha Un Certain Regard kwenye tamasha la Cannes, na mwaka huo huo akapeleka tamasha la Venice filamu fupi, *O*, kacheza Ingvar Sigurðsson. Farasi wako karudi, kaka.

SHABANI: Karudi akiwa tajiri wa jina! Anayeanza hana hiyo nafasi. Yule kijana wako aliyekunong'oneza, umelipwa?

ZUHURA: Nimekula wali maharage, na ningelia tena kesho.

SHABANI: Mimi nataka ulipwe. Ukisema fupi ni kazi kamili, watu watashutisha bure mpaka wazeeke. Nikisema ni njia ya kupita, angalau watauliza inaelekea wapi.

ZUHURA: Wakiambiwa ni njia ya kupita wataipuuza, watalipua. Yule kijana alihesabu mwanga wa jua lake akiwa ndani ya machozi yangu. Hakuwa anapita.

SHABANI: Sikubali.

ZUHURA: Wala mimi.

SHABANI: Tumebakiza dakika mbili, wenzetu wa kipindi cha mpira wako mlangoni. Funzo la kwanza lilikuwa nini?

ZUHURA: Hayaenei mafunzo matatu humo. Niseme tu kwamba kwenye *Kona fer í stríð* wanamuziki wanaopiga muziki wa filamu wanaonekana wamesimama uwanjani nyuma ya mhusika, ngoma, tuba na...

SHABANI: Hiyo ya tuba nimeiona! Wale waimbaji watatu wa Kiukreni nao...

ZUHURA: Usinimalizie! Wasikilizaji, itafuteni. Wiki ijayo tutaendelea, na farasi hawataalikwa.

SHABANI: Wataalikwa.