Siku 30 Baada ya Barua ya Kamishna

Wenyeviti, wanakamati na wanachama wenzangu, hamjambo. Asanteni kwa kuniita tena. Historia ya ushirika nitairuka, maana wenye kahawa, maziwa na akiba ni nyinyi. Nimekuja na neno lile lile ambalo baadhi yenu mmeshalisikia hadi mkalichoka: barua ya Kamishna ina siku zake, na siku hizo hazimngojei mtu.

Tuelewane kwanza kuhusu barua zenyewe, kwa sababu ni mbili na watu huzichanganya. Uchunguzi ukishafanywa na ripoti ikasomwa kwenye mkutano mkuu, Kamishna wa Maendeleo ya Ushirika hukuandikia kwamba anakusudia kukutoza hasara ya chama, ujieleze kwa nini usitozwe. Hiyo ni notisi. Baadaye ndipo hufuata amri yenyewe, chini ya kifungu cha 73 cha Sheria ya Vyama vya Ushirika ya Kenya ya 1997: rudisha pesa hizi, pamoja na riba. Notisi tunaiweka kabatini, amri ikija tunakurupuka. Jamani, kwa nini? Notisi ndiyo nafasi yako ya kusema na kuweka karatasi zako mezani kabla hesabu haijafungwa.

Kuna mama mmoja aliyekuwa kwenye kamati ya chama cha kahawa. Kiwanda kilinunua mashine ya kumenya kahawa kwa bei iliyowashtua wanachama, uchunguzi ukaitishwa, na kamati nzima ikaandikiwa. Notisi yake ilipitia kwa karani wa chama, ikakaa huko. Alipopata amri, tayari wiki mbili zilikuwa zimepita tangu tarehe iliyoandikwa juu. Aliikunja akaitia ndani ya kopo la majani ya chai, akamwambia mumewe watafute wakili mzuri wa mjini. Kutafuta wakili, kuuza ng'ombe, kuandaa hati za kiapo: siku zikaenda. Wakafungua kesi Mahakama Kuu.

Swali la kwanza la jaji lilikuwa: mmekwenda Jopo la Ushirika? Hawakuwa wamekwenda. Jopo hilo ndilo chombo cha kisheria kinachosikiliza migogoro ya ushirika, na kifungu cha 74 cha ile sheria ya ushirika kinasema anayelalamikia amri hiyo akate rufaa kwa Jopo ndani ya siku 30. Na Sheria ya Haki katika Hatua za Kiutawala ya 2015, kifungu cha 9, inaizuia Mahakama Kuu kuupitia uamuzi kabla njia nyingine zilizowekwa na sheria hazijatumika. Msimamo huo si mgeni. Mahakama ya Rufani iliushika tangu 1992 katika kesi ya Spika wa Bunge dhidi ya Karume. Kesi ya mama ikaondolewa. Kuhesabu siku, 30 zilishakwisha.

Linaloniuma ni hili. Nilikifungua kitabu cha kumbukumbu cha kamati yao mimi mwenyewe. Ukurasa wa mkutano ulioidhinisha ile mashine, chini ya orodha ya waliohudhuria, kuna mstari umeandikwa kwa kalamu ya buluu: waliotoa udhuru. Jina lake liko hapo, peke yake. Alikuwa hospitalini na mtoto. Mstari ule haukusomwa na Kamishna, kwa kuwa notisi haikujibiwa, wala na Jopo, kwa kuwa hakufika huko. Jaji naye hakuufikia, kesi ilifia mlangoni. Mama anailipa mashine ambayo hakuinyoshea mkono.

Najua kuna anayesema moyoni, huyu amekuja kutetea walaji wa pesa zetu. Hapana. Aliyekula arudishe, tena na riba, na akitakiwa kushtakiwa kwa jinai ashtakiwe. Lakini asiye na hatia ndiye anayehitaji kusikilizwa kuliko mwizi. Kifungu cha 47 cha Katiba kinampa kila mtu haki ya kutendewa kwa haki na kupewa sababu kwa maandishi. Ile sheria ya 2015 inaongeza: uarifiwe mapema, upewe nafasi ya kujieleza, uonyeshwe ushahidi uliotumika dhidi yako. Kamishna akiyaruka hayo, amri huweza kubatilishwa, na hapo chama chenyewe hupoteza pesa zake kwa uzembe wa utaratibu. Kwa hiyo hata wewe unayetaka pesa zirudi, dai utaratibu ufuatwe.

Mwingine ataniuliza, je, Mahakama Kuu imefungwa kabisa? Haijafungwa. Kuna hali za kipekee ambapo unaweza kuomba usipitie Jopo kwanza, ila uombe rasmi na uzieleze. Usijitokeze tu ukitumaini jaji atakuhurumia. Na ukishindwa Jopo, unakata rufaa Mahakama Kuu kuhusu hoja za kisheria, tena ndani ya siku 30. Ukikimbilia mahakamani kupinga notisi kabla amri haijatolewa, mara nyingi utaambiwa umekuja mapema mno.

Naona mwenyekiti anaangalia saa. Nilitaka kuzungumzia wadhamini wa mikopo na vyama vilivyo chini ya mfilisi. Hayo tutayatafutia siku yake. Moja tu la haraka: rufaa pekee usidhani inazuia amri isitekelezwe. Omba utekelezaji usimamishwe, kwa sababu amri ikiwasilishwa Jopo hugeuka deni unalodaiwa.

Na makarani mlioko hapa, nawasihi. Barua ya mwanachama ikifika ofisini, mpelekeeni siku ile ile, atie sahihi na tarehe.

Wenye barua mikononi leo msiondoke. Nitakuwa kwenye ile meza ya nyuma. Njooni nayo, na bahasha yake pia, yenye muhuri wa posta.