Willi Baumeister, fundi rangi aliyekatazwa kuonyesha picha zake

Haya karibuni jamani, wa nyuma sogeeni mbele viti vipo. Leo nawaletea Mjerumani mmoja, Willi Baumeister, mchoraji wa picha dhahania, yaani zile ambazo ukiziangalia huoni mtu wala mti, unaona maumbo na rangi halafu unauliza, sasa hii ni nini? Swali hilo lilimfuata maisha yake yote, mpaka akaliandikia kitabu.

Kazaliwa Stuttgart 1889. Alianza kwa kujifunza ufundi rangi, kupaka na kupamba kuta za watu, na hapo nawaomba msipite haraka kwa sababu ule ufundi haukumtoka mkononi kamwe. Baada ya vita ya kwanza akaanza picha alizoziita za ukuta, anachanganya rangi na mchanga na puti mpaka picha inainuka, unatamani uipapase. Pale chuo cha sanaa Stuttgart mwalimu wake alikuwa mchoraji Adolf Hölzel na rafiki yake wa kufa na kuzikana mchoraji mwenzake Oskar Schlemmer. 1928 akawa profesa Frankfurt.

Basi 1933 Wanazi wakashika nchi, na mwezi wa tatu tu mwaka huohuo wakamfukuza kazi. 1937 wakatundika picha zake Munich kwenye yale maonyesho ya sanaa waliyoiita potofu, yaliyoandaliwa makusudi ili watu waje kuzomea. 1941 akapigwa marufuku kabisa kuonyesha. Hebu fikiria, wewe mchoraji, una miaka 52, unaambiwa kazi yako isionekane na mtu.

Sasa ataishije? Kuna bwana Kurt Herberts, mwenye kiwanda cha rangi na vanishi kule Wuppertal, akamchukua yeye na Schlemmer, kazi yao kutafiti malighafi za rangi na mbinu za kupaka tangu enzi za watu wa mapangoni. Unaona, ufundi rangi ndo uliomhifadhi. Mchana kiwandani, muda wake mwenyewe anachora kwa siri, hajui kama kuna siku zitaonekana. Tena alichukua picha za sanamu za Arno Breker, kipenzi cha Hitler, akazichorea juu kuzikejeli, kitu ambacho kingekamatwa kingemponza vibaya sana.

1942 akafanya mfululizo alioupa jina Picha za Kiafrika. Alikuwa na vinyago vya huku kwetu Afrika, akavipenda kweli, na maumbo yake yanaonekana mle. Mimi hilo linanifurahisha na kuniuma pia, maana wakusanyaji wa Ulaya zama zile walibeba kazi bila kuandika majina ya waliochonga.

Halafu mabomu yakapamba moto, akakimbilia mji mdogo wa Urach na familia, na hukohuko 1943 na 1944 ndo akaandika kitabu chake, Das Unbekannte in der Kunst, yaani kisichojulikana katika sanaa, kikatoka 1947. Anasema hivi kwa maneno yangu mimi: mchoraji anaanza akiwa na kitu kichwani, ila mkono na rangi vinamtoa njiani, anafika asikokusudia, na thamani ya kazi iko huko alikofika. Ukishajua mwisho kabla hujaanza, hapo unanakili tu. Kwangu mimi hii ndo sababu watawala wale hawakumtaka, maana wao walitaka picha ambayo jibu limeshaandikwa.

Vita ikaisha, 1946 akapewa uprofesa Stuttgart. 1950 Darmstadt kukawa na mjadala mkubwa, mwanahistoria wa sanaa Hans Sedlmayr, aliyewahi kuwa mwanachama wa chama cha Nazi, akidai sanaa ya kisasa imempoteza binadamu. Baumeister akasimama akamjibu hadharani, hakunyamaza tena.

Miaka ya mwisho akachora Montaru, bonge la umbo jeusi limejaa turubai, pembeni virangi vidogo vinang'aa. Tarehe 31 Agosti 1955 mauti yakamkuta palepale mbele ya picha anachora.

Haya naomba mtuzimie taa, niwaonyeshe Montaru moja. Msiulize kwanza ni nini, angalieni tu.