Jua la Pwani na Marubani wa Rufiji, 1914–1915

MWANTUMU: Haya wasikilizaji, karibuni tena. Mimi ni Mwantumu, tupo Bagamoyo kama kawaida, na dirisha liko wazi kwa sababu feni imegoma, kwa hiyo mkisikia bodaboda zinapita ndiyo hivyo, vumilieni. Shikamoo mjomba.

SEIF: Marahaba mwanangu. Na wasikilizaji nawasalimu.

MWANTUMU: Kwa wageni, mjomba Seif ni fundi wa ndege mstaafu. Leo hatuendi kwenye vita vya Kagera. Wale mnaoniandikia kila wiki mkitaka ndege za kivita za MiG, subirini zamu yenu. Leo ni Vita Kuu ya Kwanza ya Dunia, ndege za mbao na kitambaa, na manowari ya Kijerumani iliyojificha Rufiji, Königsberg.

SEIF: Na vijana waliotumwa kuitafuta kutoka juu. Hao ndio ninaowataka mimi. Meli imeandikwa sana, imeshashiba.

MWANTUMU: Bila meli wao wasingekuja, mjomba. Tupe kidogo.

SEIF: Basi. Tarehe 20 Septemba 1914, alfajiri, Königsberg chini ya nahodha Max Looff inatokea bandari ya Unguja. Inaikuta manowari ya Waingereza, Pegasus, imetia nanga inatengenezwa. Ikaipiga mizinga mpaka ikazama. Hapo ng'ambo tu, ukisimama ufukweni kwetu unatazama huko huko. Halafu nayo Königsberg injini zikaanza kuisumbua, ikaingia delta ya Rufiji. Mwisho wa Oktoba Waingereza wakajua imo humo. Lakini imo wapi?

MWANTUMU: Na delta ile si mto mmoja.

SEIF: Si mmoja hata kidogo. Mikono mingi, mikoko imesimama kama ukuta, na Wajerumani wameifunika meli kwa matawi. Manowari kubwa za Waingereza zinakaa maji marefu, haziwezi kuingia. Wanabaki nje wanazunguka. Ndipo wakasema, tutafute mtu mwenye ndege.

MWANTUMU: Na mtu mwenyewe hakuwa hata mwanajeshi.

SEIF: Dennis Cutler. Alikuwa Durban anarusha ndege watu watazame. Ndege ya Curtiss, ile aina inayotua majini kwa tumbo lake kama boti. Wakampa cheo cha jeshi la majini haraka haraka, wakapakia ndege yake kwenye meli Kinfauns Castle, hao kuelekea kisiwa cha Niororo, karibu na Mafia. Novemba 1914. Safari ya kwanza akapotea, akatua kwenye kisiwa kisicho na watu, wenzake ikabidi waende kumtafuta.

MWANTUMU: Kisha rejeta.

SEIF: Rejeta ya ndege ikaanza kuvuja. Sasa spea ya Curtiss utaipata wapi Bahari ya Hindi mwaka 1914? Wakaenda Mombasa, wakachukua rejeta ya gari, Ford, wakaifunga kwenye ndege. Na akaruka nayo! Mimi nilipoisoma hiyo nilicheka mpaka mke wangu akaja kuniuliza kuna nini. Maana nimeona mengi gereji, lakini rejeta ya Ford angani, hapana.

MWANTUMU: Na ndiye aliyeiona meli.

SEIF: Ndiye. Kwa ndege hiyo hiyo ya viraka. Akarudi akasema ipo, iko ndani sana, mbali na baharini kuliko mlivyodhani. Wakataka jicho la pili, akapandishwa ofisa mmoja wakaenda wote, kweli ikaonekana. Tarehe 10 Desemba akaenda tena, ikashuka mtoni, Wajerumani wakamkamata. Wenzake waliingia na boti huku wanapigwa risasi wakaivuta ndege wakatoka nayo, lakini Cutler mwenyewe alishachukuliwa.

MWANTUMU: Ndege ikaokolewa, rubani akabaki.

SEIF: Ndiyo vita hiyo. Rubani walikuwa naye mmoja tu, na sasa hawana.

MWANTUMU: Hapa ndipo ulipokuwa unataka kufika tangu jana. Miezi.

SEIF: Miezi! Hebu sikiliza. Februari 1915 wanaleta ndege mbili mpya za Sopwith, za kuelea majini, pamoja na rubani John Cull. Injini nzuri za farasi 100. Wanazishusha majini, wanaweka rubani, mtazamaji wa kuangalia chini na kutoa taarifa, petroli, bomu. Inakimbia juu ya maji, inakimbia, inakimbia, hainyanyuki. Wanatoa bomu. Hainyanyuki. Wanamtoa mtazamaji. Inapaa kidogo, haipandi juu ya maana. Wazungu wanashangaa. Sasa wewe mtoto wa pwani niambie, Februari na Machi huku kwetu ni nini?

MWANTUMU: Jua la kufa mtu. Kaskazi inaisha, hakuna upepo.

SEIF: Umemaliza. Hewa ikipata joto inakuwa nyepesi. Bawa linabebwa na hewa, ikiwa nyepesi bawa halipati cha kukanyagia. Pangaboi nalo linakata hewa hiyo hiyo nyepesi, halivuti. Na injini inavuta hewa hiyo hiyo, inapungukiwa nguvu. Vitu vitatu kwa mpigo. Halafu maji yakiwa shwari kabisa, yale ya maleleji, yanang'ang'ania boya za ndege. Rubani wa ndege ya majini anataka kiwimbi kidogo kimsaidie kubanduka.

MWANTUMU: Na gundi.

SEIF: Gundi, mama! Ndege zile ni vipande vya mbao vimegandishwa. Joto na unyevu wa kwetu gundi inalainika, mbao zinapinda, kitambaa kinalegea. Asubuhi unaikagua iko sawa, mchana viungo vinaachia. Mimi nimefanya kazi na ndege za bati na bado pwani hii ilinisumbua kwa kutu. Sasa wale maskini wamekaa kisiwani, hawana hata kibanda cha maana cha kuiweka ndege kivulini.

MWANTUMU: Waeleze na yale mafuta.

SEIF: Ha! Injini ya Sopwith ile, silinda zote zinazunguka pamoja na pangaboi. Mafuta yake ya kulainisha ni mafuta ya nyonyo. Hayarudi kwenye tangi, yanatoka na moshi, yanarushwa nyuma. Nyuma nani amekaa?

MWANTUMU: Rubani.

SEIF: Usoni, kwenye miwani, kinywani. Anayameza safari nzima. Na bibi zetu wote wanajua nyonyo inatumika kwa nini.

MWANTUMU: Mjomba, watu wanakula saa hizi.

SEIF: Mimi nasema tu. Hao ndio marubani wa vita. Watu wanafikiri ni skafu na picha.

MWANTUMU: Haya, Aprili.

SEIF: Aprili zikaja za Short, tatu, zilizotumika tayari, zikitokea Bombay. Hizo angalau zilimbeba mtazamaji, ila hazikupanda. Cull alipita juu ya Königsberg kwenye futi 600 hivi wakaipiga picha. Futi 600, mwanangu! Meli ina mizinga kumi ya milimita 105, bunduki zote zinakutazama, na wewe uko urefu ambao mtu wa chini anauona uso wako. Injini ikapigwa, wakarudi nayo hivyo hivyo. Kwa nini asipande juu? Haikuweza. Kwangu mimi, adui wa kwanza wa marubani wale alikuwa hewa ya pwani. Mjerumani anafuata.

MWANTUMU: Naomba nikupinge kidogo. Julai walifanikiwa, lakini Julai walikuwa na ndege nyingine. Huwezi kuipa kusi, upepo wa Julai, sifa yote.

SEIF: Sijaipa yote. Ndege za Juni zilikuwa za magurudumu, Caudron mbili na Henri Farman mbili, na zile Farman kiunzi chake ni cha chuma, gundi haina kazi tena. Na Waingereza walishaichukua Mafia tangu Januari, wakatengeneza kiwanja huko, hakuna kuhangaika na maji. Yote hayo nakubali. Lakini Julai ni kipupwe. Kusi inavuma, asubuhi unatafuta shuka la pili. Hewa nzito. Ndege ile ile ukiirusha Februari na ukiirusha Julai ni ndege mbili tofauti. Muulize rubani yeyote wa leo anayeruka na mzigo kutoka Dodoma mchana wa Oktoba.

MWANTUMU: Sawa, sibishani na fundi. Twende kwenye siku yenyewe. Wasikilizaji, wazo sasa ni hili: manowari ndogo mbili, Severn na Mersey, zilijengwa kwa ajili ya mito ya Brazil, maji machache zinaingia. Zinavutwa kutoka Malta mpaka huku. Zinaingia mtoni, lakini hazitaiona Königsberg, mikoko imeziba. Zitapiga mizinga kwa kufuata maneno ya mtu aliye juu.

SEIF: Na mtu wa juu ana mashine ya kutuma telegrafu bila waya. Anatuma tu. Hapokei. Hajui kama wamemsikia ila akiona kombora linalofuata limesogea. Tarehe 6 Julai wakajaribu siku nzima. Makombora mia kadhaa, yaliyolenga machache mno. Tatizo moja, manowari zote mbili zinapiga kwa wakati mmoja. Mtazamaji anaona maji yanaruka, hajui lile ni la Severn au la Mersey. Unamsahihisha nani?

MWANTUMU: Wakati huo Wajerumani nao wana mtazamaji wao.

SEIF: Juu ya mti, mtoni! Hiyo siku Severn ikakiona kituo chao ikakipiga, na baada ya hapo mizinga ya Königsberg ikaanza kukosa. Kwa hiyo utaona, pande zote mbili meli ni vipofu, ugomvi ni nani ataliondoa jicho la mwenzake.

MWANTUMU: Tarehe 11.

SEIF: Tarehe 11 Julai 1915 wameshajifunza, anapiga mmoja mmoja. Juu yuko Cull, na mtazamaji wake Harwood Arnold. Kwenye Farman injini iko nyuma, mtazamaji anakaa mbele kabisa, hana kitu mbele yake ila upepo. Arnold anatuma: mbali sana, karibu sana, kushoto. Makombora yanasogea, yanasogea, yanaanza kuipata meli. Ndipo Königsberg nayo ikawapata wao. Injini ikazimika.

MWANTUMU: Na hapa mimi huwa nasimama.

SEIF: Injini imekufa, ndege inashuka kama mwewe aliyechoka, chini ni mto na mikoko na mamba. Cull anatafuta pa kutua karibu na Mersey. Arnold akatuma kwamba wamepigwa, boti ije. Halafu, sikiliza, akaendelea kusahihisha. Ndege inashuka, mkono uko kwenye swichi, anawaambia sogezeni nyuma, mnapiga mbele mno. Masahihisho ya mwisho ndiyo yaliyoleta makombora katikati ya meli.

MWANTUMU: Wakaanguka majini.

SEIF: Ndege ikabiringika. Arnold akarushwa nje. Cull alikuwa amejifunga mkanda, akaenda chini na ndege, akahangaika mpaka akajinasua. Boti ya Mersey ikawaokota wote wawili. Königsberg ikawaka, Looff akajeruhiwa, na wenyewe wakailipua.

MWANTUMU: Cull na Arnold wote wawili wakapewa nishani ya ushujaa ya Waingereza, DSO. Ila mimi nina neno. Mizinga kumi ya meli ile iliopolewa, ikatumika nchi kavu mpaka miaka iliyofuata. Mmoja uko Fort Jesus, Mombasa, mwingine Pretoria. Iliburutwa na nani? Mamia ya watu kwa mzinga mmoja, porini, masika na kiangazi. Bagamoyo hii tunawajua wapagazi. Cull tunamjua jina, Arnold tunamjua jina.

SEIF: Na wale waliobeba vyuma vya boila za Königsberg kutoka Rufiji mpaka karakana ya Dar es Salaam na kurudi, hakuna hata mmoja aliyeandikwa.

MWANTUMU: Hata mmoja. Haya, maswali mawili ya wasikilizaji tumalize. La kwanza kutoka Tanga: Wajerumani hawakuwa na ndege?

SEIF: Walikuwa nayo moja. Bruno Büchner alikuja nayo Dar es Salaam kwa ajili ya maonyesho makubwa yaliyopangwa Agosti 1914. Maonyesho yakawa vita. Büchner akajeruhiwa akiwa kwenye doria ya pwani, na baadaye ndege ikaanguka na rubani mwingine, akafa.

MWANTUMU: La pili: eti kuna puto kubwa la Kijerumani lilitumwa huku?

SEIF: Zeppelin L59. Novemba 1917, kutoka Bulgaria, nahodha Ludwig Bockholt, amebeba dawa na risasi za jeshi la Lettow-Vorbeck, kamanda wa Wajerumani huku kwetu. Ilikuwa safari ya kwenda tu, kwa sababu huku hakuna gesi ya kuijaza irudi. Kitambaa chake kingekatwa mahema. Ilipofika jirani na Khartoum wakaitwa kwa redio warudi, Lettow hapatikani pa kutua. Wakageuza, wakakaa hewani saa 95, zaidi ya kilomita 6,700.

MWANTUMU: Kwa joto lile la jangwani?

SEIF: Wewe umeshaelewa somo. Mchana gesi inatanuka inapaa mno, inabidi waiachie. Usiku inasinyaa, puto linazama, nusura ligonge mlima, wakatupa mizigo kulipunguza uzito. Walifika salama. Ila Aprili 1918 likiwa safarini kwenda Malta lililipuka juu ya bahari, hakupona mtu.

MWANTUMU: Wiki ijayo ni zamu ya Mwanza 1979 na ile ndege ya Libya iliyopiga bomu kisiwa cha Saanane. Mjomba anazo hoja zake, na mimi zangu. Tumeni maswali mapema. Mjomba, ahsante.

SEIF: Ahsante mwanangu. Na hiyo feni niletee, nitaitazama.