Mkataba Unaobadili Dunia: Maneno kwa Waandishi Vijana wa Kigoma

Wazee wangu, walimu, na ninyi vijana mliokuja na madaftari, ahsanteni kwa kunialika. Nimeombwa niseme juu ya mikataba ya kichawi katika hadithi za kubuni: mtu anaweka sahihi, na dunia inageuka ikawa kama ilivyoandikwa.

Mada hii naipenda, na huniuma ninapoona inapitwa juu juu. Katika hadithi nyingi mnazoniletea, mkataba wenyewe hauonekani. Tunaambiwa tu kwamba fulani alisaini kwa damu, radi ikapiga, utajiri ukaja. Maneno aliyoyasaini yako wapi? Yaandikeni yote ndani ya hadithi, msomaji ayasome kabla mhusika hajabandika dole gumba. Dunia ya namna hiyo haijali mtu alikusudia nini. Inatekeleza kilichoandikwa.

Tuchukue mfano wa hapa hapa. Dagaa wetu huvuliwa usiku wa giza kwa taa. Mbalamwezi ikitoka taa hazifui dafu, mitumbwi inapumzika ufukweni. Basi mvuvi wa Ujiji aliyelemewa na madeni anasaini sentensi moja: "Mwezi hautaonekana tena juu ya maji yangu." Mwanzoni ni neema tupu. Wenzake wamekaa, yeye anauza. Halafu vijana wake wa mtumbwini wanaanza kuchoka, maana siku za kupumzika hazipo tena.

Sasa tazameni jambo ambalo hakulifikiria. Mwezi mwandamo huonekana upande wa magharibi, jua likishazama, na magharibi yetu ni ziwa. Wazee wanasimama ufukweni kuutafuta mwezi wa Ramadhani, hawauoni. Usipoonekana, kanuni ni kukamilisha siku 30. Mwezi unaofuata ni hivyo hivyo. Kwa kawaida mwaka wa Kiislamu una siku 354 au 355, lakini Ujiji ya hadithi yetu inahesabu 360. Mwaka mmoja tu, na mji umeachwa nyuma siku tano au sita. Miji mingine imeshakula Idi, wao bado wamefunga. Yote hayo yametokana na sentensi ya mtu mmoja mwenye madeni. Uchawi wa aina hii ndio ninaoutaka: unaofuata maneno hadi kwa watu ambao hawakusaini.

Msidhani fikra hii ni ya kuazima. Mwaka 1876 Mtemi Mirambo, jirani yetu wa upande wa Tabora, alichanjiana damu na Stanley, msafiri mpelelezi kutoka Ulaya. Kwa maelezo ya Stanley mwenyewe, walisomewa laana: atakayeuvunja udugu huo aliwe na simba, nyoka amtie sumu, bunduki impasukie mikononi. Hapo hapakuhitajika hakimu wala askari, maana simba na nyoka ndio waliopewa kazi ya kusimamia makubaliano. Mwandishi wa hadithi za ajabu aliyezaliwa huku ameachiwa urithi mkubwa hapo.

Na karatasi? Mwaka 1884 Mjerumani Carl Peters alipita Usagara na nchi za jirani akiwawekesha watawala alama kwenye mikataba ya Kijerumani, Mangungo wa Msovero akiwa mmoja wao. Tarehe 27 Februari 1885 Kaiser, mfalme wa Ujerumani, akatoa hati ya ulinzi juu ya nchi hizo. Watu walikuwa wakipalilia mashamba yao kama jana, na huko mbali nchi yao ilikuwa imeshaandikwa kuwa ya wengine. Kila ninapousoma mkasa huo napandwa na hasira, na ninawaomba hasira hiyo muitie katika hadithi zenu. Mwulizeni kila mhusika: nani aliyeandika, kwa lugha gani, na nani alimsomea aliyesaini?

Mvuvi wetu hatoki kwa kuichoma karatasi. Hiyo ni njia ya mkato, msomaji hatawasamehe. Mkewe ndiye anayekaa na kuisoma upya, kidole juu ya kila neno, mpaka anafika penye "maji yangu". Anamwambia mumewe, basi usiwe na maji. Mvuvi anagawa mtumbwi, nyavu na karabai mbele ya mashahidi, na jioni ile mwezi unaandama. Lakini siku yoyote atakayotupa wavu tena, maji yatakuwa yake, na mwezi utapotea. Kwa hiyo anabaki Ujiji, mvuvi asiyeruhusiwa kuvua, na deni bado analo.

Karatasi zipo mezani. Kila mmoja aandike mkataba wa mhusika wake, sentensi moja tu, kisha tutasomeana tukitafuta nani mwingine utamgusa.