Ramani Yako Ina Njia, Lakini Msafara Unakula Nini?

Ndugu zangu waandishi, nimepewa mada ya njia za kale za biashara katika ulimwengu wa kubuni. Wanaonijua wameshaanza kucheka, wanajua naelekea wapi. Naam, naelekea kwenye chakula. Nivumilieni.

Miswada ninayoletewa inakuja na ramani, na ramani inakuja na mstari mwekundu kutoka mji wa lulu pwani hadi mji wa dhahabu milimani. Kijana mmoja, na ana kipaji kweli, aliwapitisha watu elfu mbili nyikani miezi minne. Njiani wakapigana, wakapendana, wakalogwa, mmoja akageuzwa fisi. Hakuna aliyekula! Hata yule fisi.

Sasa tupige hesabu. Chukueni njia yetu ya kati, ile ya misafara ya pembe za ndovu ya karne ya 19, kutoka Bagamoyo pwani, kupitia Tabora, hadi Ujiji kando ya Ziwa Tanganyika. Historia yake mnaijua, sirudii. Mpagazi alibeba kama frasila mbili, tuseme kilo 32. Posho ya kawaida ilikuwa kibaba cha nafaka kwa siku, tuseme gramu 700. Mtwishe nafaka yake mwenyewe tu, bila pembe wala jora la merikani, kile kitambaa cha pamba cha biashara. Ataimaliza kwa siku 45 hivi. Bagamoyo hadi Ujiji ni zaidi ya kilomita 1,000 kwa miguu, na misafara ilichukua miezi mitatu na kuzidi. Yaani mtu anakula mzigo wake wote, kisha anasimama katikati ya pori, mikono mitupu, na hujauza kitu.

Kwa hiyo chakula hakibebwi, kinanunuliwa njiani. Na ukishakubali hilo, mstari wako mwekundu hauchorwi tena kwa rula. Unapinda kufuata mtama wa watu. Unakwenda kwenye kijiji chenye ghala, si kwenye bonde lenye mandhari nzuri. Mwaka wa njaa, njia inahama au inakufa. Na msafara wa watu elfu moja ukipiga kambi kwenye kijiji kidogo, bei ya mtama inapanda mchana huohuo. Mama aliyekuwa akiuza kwa shanga kidogo sasa anataka upande wa kitambaa, na ana haki. Huyo mama hayumo kwenye miswada yenu. Mfalme yumo, mchawi yumo, muuza mtama hayumo.

Tena mpagazi mwenyewe ni nani? Msimchore kila mara akiwa na mnyororo shingoni. Watumwa walikuwepo, sikatai, lakini Wanyamwezi wengi walifanya kazi hiyo kwa ujira, na walijua thamani yao. Walikuwa wakulima pia. Waliondoka baada ya mavuno na walitaka kurudi kabla ya mvua za kupandia. Ukimcheleweshea safari au ukimpunja posho, usiku mmoja anauweka mzigo chini, na asubuhi unaamka na marobota yako bila mtu wa kuyabeba. Hapo kuna hadithi nzima, na hakuna joka hata moja.

Eeh, naona mkono. Nalijua swali: "Mwalimu, huu ni ulimwengu wa kubuni, mizigo inabebwa na majoka." Sawa. Joka linakula ng'ombe wangapi kwa siku? Nani anawafuga? Na kama linaruka, njia ya nini? Futa njia, andika kiwanja cha ndege. Wengine watasema punda. Punda walijaribiwa, na mbung'o wakawamaliza wengi. Inzi tu. Inzi ndiye aliyeamua kwamba pembe za ndovu zisafiri mabegani mwa watu. Mkitaka kubuni, buni mdudu wa aina hiyo kwanza, joka litafuata.

Maji nayo. Kabla ya kuingia Ugogo, nchi ya Wagogo, palikuwa na nyika kavu iitwayo Marenga Mkali. Misafara ilikuwa na mbinu yake, terekeza. Mnapika na kula mapema, mnajaza vibuyu, mnaondoka mchana, mnatembea hadi giza, mnalala pakavu, alfajiri mnanyanyuka tena mpaka mfikie maji. Mkishavuka mna kiu, na mwenye kisima anawasubiri. Hapo ndipo hongo ilipolipwa, si rushwa ya leo, ni ushuru wa kupita. Wafanyabiashara waliwalalamikia sana watemi, yaani machifu, wa Ugogo, wakawaita wanyang'anyi. Mimi nasema ni wenye maji. Katika nchi kame, nani atawaruhusu wageni mia nane wanywe bure bwawa la kijiji? Siku nzima mnajadiliana idadi ya vitambaa, mtemi anakataa hiki, anataka kile chenye rangi, na wakati huo watu wako wanakula posho. Mjadala wenyewe ni gharama. Andikeni mjadala huo, acheni kuniletea mapigano ya mapanga kila sura.

Shanga nitazipitia haraka. Kila nchi ilikuwa na rangi yake, na mitindo ilibadilika. Ukibeba zisizopendwa, umebeba kokoto. Mnunuzi wa bara hakuwa mjinga wa kupokea chochote kinachong'aa, basi na wanunuzi wenu wasiwe hivyo.

Chumvi ya Uvinza, kule njiani kati ya Tabora na Ujiji, iliyochemshwa pale zaidi ya miaka 1,000 kabla ya misafara hii ya pembe, nilitaka kuisema kwa urefu, lakini mwenyekiti ananionyesha saa. Itoshe kwamba biashara ya bara haikungoja mtu wa pwani.

La mwisho, njia hufa. Reli ya Kati ilipomalizika mwaka 1914 iliishia Kigoma, si Ujiji. Kilomita chache tu, na shughuli zikahamia kwenye stesheni. Niandikieni mji wa namna hiyo, wenye mzee aliyekodisha maghala maisha yake yote na sasa anagombana na mwanawe anayetaka kuhamia upande wa pili. Huo muswada nitausoma usiku kucha. Haya, mwenyekiti, wape maikrofoni, na anayeuliza habari za majoka aje na hesabu ya ng'ombe.